Fomu Isiyo na Karatasi

Jumatatu ya kwanza niliamka saa kumi alfajiri
kama ng'ombe aliyezoea kukamuliwa.
Marketta akavuta blanketi: "Lala, Tarmo. Hakuna zamu."
Nikalala macho wazi, nikiusikiliza mji
usiounguruma.
Miaka thelathini na mmoja kiwanda kilinguruma ng'ambo ya ziwa
hata tukawa hatukisikii.
Sasa kimenyamaza, ndiyo tunakisikia.

Sanni akapiga simu kutoka Oulu: "Baba, usichelewe.
Jiandikishe leo leo. Siku inayopita imepita."
Nikamuuliza ofisi iko wapi.
Akacheka kidogo, kisha akaacha kucheka.
Ofisi ni tovuti, Baba.
Ofisi iko hapo mezani, kando ya kahawa.

Basi nikaketi, mimi mtengeneza karatasi,
mbele ya fomu isiyo na karatasi.

Jina. Hautala, Tarmo Kalervo.
Kwetu Tarmo maana yake ni nguvu, ni bidii.
Hawakuuliza maana.
Nywila. Si sahihi.
Nywila. Si sahihi.
Nachapa kwa vidole viwili vya mkono wa kulia;
cha tatu kilichukuliwa na roli la kukaushia mwaka wa tisini na nane,
nacho hakikutengewa kisanduku.

Taja ujuzi wako. Herufi mia tatu, zisizidi.
Niandike nini?
Kwamba kwa sikio tu najua beringi ipi itakufa Alhamisi?
Kwamba karatasi ikikatika, mashine ikiwa mbioni,
akili haijafikiri na mikono imeshafika?
Nikaandika: Mwendesha mashine.
Zikabaki mia mbili themanini na tatu,
maana hata nafasi tupu wanaihesabu.

Sababu ya kuacha kazi. Chagua moja.
Mimi sikuiacha.
Kisanduku cha "Kazi imeniacha" nimekitafuta juu hadi chini, hakipo.
Nikachagua jirani yake: Sababu za uzalishaji,
ingawa mwezi ule wa mwisho tulivunja rekodi
na meneja akaleta keki.

Kilichonikwama kooni ni kitufe cha mwisho.
Tuma ombi.
Mama yangu aliomba kila Jumapili, benchi la tatu, macho yamefumbwa.
Baba hakumwomba mtu hata chumvi;
alikufa hadaiwi njiti ya kiberiti.
Na yule wa pale mlangoni pa stesheni, mwenye kopo na mbwa,
naye anaomba.
Neno ni hilo hilo moja. Mimi naliomba la nani?

"Ulikatwa kila mwezi," Marketta akasema, anasuuza kikombe
kilichokwisha kutakata zamani.
"Anayedai chake haombi."
Kisha, kwa kuwa anamjua aliyemuoa,
akachukua koleo akaenda kuzoa theluji ambayo haikuwa nyingi,
ili nibonyeze bila shahidi.

Nikabonyeza.

Ombi lako limepokelewa. Subiri.
Unaweza kuchapisha nakala.

Printa iliyonyamaza kabatini tangu Sanni amalize shule
ikakohoa, ikakohoa tena, ikatema ukurasa mmoja.
Sikuusoma.
Niliusugua kwa kidole gumba, nikaukunja pembe,
nikauinua dirishani theluji iuangazie kwa nyuma,
nikatafuta mawingu, yale mabonge ya nyuzi yasiyotawanyika,
kama nilivyoyatafuta kila saa, kila roli, miaka yote ile.

Gramu themanini.
Si yetu.
Lakini nyuzi zimelala sawasawa; hakuna doa, hakuna tundu.
Huko ilikotoka yuko mtu zamuni,
ameinamisha kichwa,
anasikiliza beringi.