Jozi

Nilishika taa. Kazi yangu ilikuwa hiyo tu,
jikoni kwa wazazi wa Nestani, Tbilisi, mwezi wa pili,
theluji imeziba nusu ya dirisha.
Siku ya kumi na moja baba na mama wamenuniana.
Sababu ni birika, au ni shemeji,
kutegemea umemuuliza nani.

Nestani hakutaka nyuso. Alitaka mikono.
Kamera ya kukodi, inanguruma kama cherehani,
na mikono minne juu ya kitambaa cha plastiki
inabangua jozi.

Baba anavunja, mama anachambua.
Moja ni ngumu. Mama anaisukuma kwa kidole kimoja,
hamtazami.
Baba anaipokea kama mtu aliyeitwa kwa jina la utotoni.
Ganda linapasuka
na nusu nzima, yenye mikunjo kama ubongo wa ndege,
inarudishwa upande wa pili wa meza,
inakaa kitako.
Inakaa.
Hapo Nestani aliacha kupumua, niliuona mgongo wake.
Kisha kiganja cha mama kikaifunika.

Filamu inaishia hapo, dakika tatu, haina sauti.
Ukumbini, palipokuwa kiwanda cha soksi,
mtu aliuliza: wanazungumza lugha gani?

Kuna kimoja hakimo.
Mkono wangu ulipoanza kutetemeka kwa uzito wa taa,
Nestani, jicho bado kwenye lenzi,
alinisogezea kigoda kwa mguu.