Kilo za Shangazi

Koti langu la kung'aa lina kiraka kwapani,
ndiyo maana siinui mkono wa kushoto ninaposema "makofi!"
Miaka kumi na minne nimeshika kipaza sauti,
Masasi, Nanyamba, Kitangari, Newala kwenye baridi,
nimeozesha watu wengi kuliko kadhi na padri,
na jina la bwana harusi nimekosea mara mbili tu:
mara ya kwanza nilisamehewa,
mara ya pili nilitaja la yule wa zamani.

Kazi hii ina msimu, kama korosho.
Minada ikifunguliwa simu hailali:
harusi, ngoma ya kuwatoa wali,
kipaimara, uzinduzi wa duka la vipuri.
Ikifika Machi nakopa unga kwa Nambunga,
namwita "mheshimiwa" kwa sauti ya ukumbini,
naye ananijibu kwa sauti ya dukani.

Filamu? Nimecheza tatu.
Ya kwanza nilikuwa maiti, nikapiga chafya.
Ya pili walinikata; ukikaza macho
utaona kiwiko changu mlangoni.
Ya tatu ndiyo iliyoniponza.
Karani wa mizani, ghala la kuazima,
kidole juu ya sahani pasipo mtu kuona,
na kicheko. Mwongozaji alinirudisha mara kumi na moja
mpaka nikakipata: kicheko cha mtu
anayekula kilo ya mwenzake.
Nililipwa elfu themanini na soda.

Basi, Jumamosi ile, Tandahimba,
zamu ya upande wa bibi harusi kutunza,
nikaita kama ninavyoita siku zote:
"Shangazi simama wima, watu wote wakuone,
pita kati kwa madaha, wenye wivu na wanune!"

Akasimama. Bi Somoe Likwata,
kitenge kipya bado kina wanga wa dukani.
Akapita kati. Madaha hakuyaleta.
Aliponifikia akaninyooshea kidole:
"Wewe. Kilo zangu arobaini na mbili ziko wapi?"

Ukumbi ukaangua kicheko. Nami nikacheka,
na hapo ndipo nilipoharibu,
maana kilichonitoka kilikuwa kile kile,
cha mara ya kumi na moja.

Hakuna aliyemwandikia maneno.
Alitaja mwaka. Alitaja gunia, na mvua iliyomkuta foleni,
na stakabadhi aliyoifunga kwenye pindo la kanga
mpaka wino ukahamia kwenye kanga.
Anajua mimi si karani, alisema,
yeye si mjinga, televisheni anayo.
"Lakini yule mwenyewe harusini hakuja.
Umekuja wewe, mwenye kicheko chake."

Mimi mapengo ndiyo kazi yangu.
Jenereta likizimika natoa kisa,
keki ikianguka nasema ardhi nayo imealikwa.
Dijei Mchopa alikuwa ananitazama,
kidole tayari kwenye kitufe.
Nikatikisa kichwa.
Nikampa Bi Somoe kipaza sauti,
nikabaki nimemshikia bahasha yake
kama, Mungu nisamehe, karani.

Akaongea dakika nne, sehemu kubwa Kimakonde.
Meza za nyuma zikaanza kuitikia, kila mtu na zake:
kumi na nane.
Sitini.
Tisa, za mama, marehemu.

Kisha akamgeukia bibi harusi,
akamfunika kitenge mabegani,
akamnong'oneza jambo ambalo spika hazikulipata,
akanirudishia kipaza sauti. Kilikuwa cha moto.

Sikuwa na kisa.
Nikainua mkono, na ulikuwa wa kushoto,
ukumbi mzima ukakiona kiraka.

Jana mwongozaji amepiga simu, filamu ya nne,
anakitaka kicheko kile.
Nimemwomba aniweke kwenye foleni, nibebe gunia.
Akasema wanaosimama foleni hawalipwi.
Nikamwambia, nimesikia.