Paka wa Ngomeni

Babu, mzaa mamangu,
alilinda kwa kirungu
mlango wa chuma, tangu
jela ikiwa Ngomeni.

Akaja mwizi, Famau,
mwenye mwendo kama nyau,
asiyekwisha dharau,
mzawa wa Kibokoni.

Kaiba saa ya jaji,
jaji yu katika maji,
akala nusu ya uji
uliokuwa mezani.

Mkufu wa Mwanasiti
akaurudisha, ati,
mjane asiye noti;
kautia mtungini.

Hayo ni ya watu. Mimi
namjua kwa ulimi
wa babu, naye hasemi
ila homa i mwilini.

Kafungwa kwa minyororo,
akatoka kwa mtaro;
kisha ndani ya godoro
lipelekwalo juani.

Mara ya tatu, walinzi
kumi, na mbwa, na kitanzi,
asiweze hata inzi
kupita ukumbizani.

Asubuhi: yuko wapi?
Kufuli zima. Ni vipi?
Kucha za nani, na zipi,
zilochimba ukutani?

Mji ukanena: paka!
mweusi, macho yawaka,
kapenya, kisha karuka,
katua Makadarani.

Mama, mwana akilia:
"Famau akusikia,
yu darini, atulia,
angoja uje ndotoni."

Babu akafutwa kazi,
kawa muuza mbaazi;
kila mtu: "Eti mwizi
aligeuka machoni?"

Babu hujibu, "Sijui.
Paka, chui, sitambui.
Mbaazi je, hununui
zikiwa bado motoni?"

Lakini usiku huo
wa homa, kashika nguo
yangu: "Si kwa ufunguo,
wala hirizi shingoni.

"Alitoka kwa uchafu:
pipa la choo. Harufu
ikatufukuza safu
nzima, pua mikononi.

"Mimi nilibaki. Pipa
likakohoa. Naapa,
nikamwona, akatapa,
mavi hadi kidevuni.

"Kijana. Meno yagonga,
macho ya mwana mchanga.
Kifuniko nikafunga,
likavingirishwa pwani."

"Kwa nini?" nikauliza.
Kimya. Kisha akawaza:
"Mbaazi ndizo nauza;
paka, wafuga vinywani."

Alikokwenda, hakuna
ajuaye. Wapo wana
wasemao alishona
kanzu Vanga, uzeeni.

Juzi nilipita Ngome:
wageni, wake waume,
waambiwa watazame
kucha za paka jiweni.

Nami katia kidole
kwenye mikwaruzo ile,
nikanyamaza kwa yule
alokohoa pipani.