Kombe Kumi na Nne

Zimeshuka stesheni saa tatu usiku
kwa mkono wa abiria nisiyemjua,
ndani ya ndoo ya rangi iliyooshwa ikatakata.
Barafu imebaki upande mmoja tu,
na juu ya kifuniko, kwa wino mzito:
BABA, USITIE CHUMVI MAPEMA.

Eunike anapima samaki huko Mafia.
Mimi nilipima mtama, ghala la Kizota,
miaka thelathini na moja, gunia kwa gunia.
Bahari naijua kwa chumvi yake.

"Kombe?" mama akauliza kutoka kwenye kigoda.
"Mmemfunga nani?"
Kisha akachungulia ndooni, akarudi nyuma:
"Kuku namchinja namtazama usoni.
Hiki nitakiomba radhi wapi?"

Jumapili, baada ya ibada, nikaanza na wali.
Mchele wa Bahi, nimeuchambua barazani,
mawe saba, na mbegu moja nisiyoitambua.
Ukichemka unatoa harufu ya tope la mbuga yake.
Usiicheke. Ndiyo inayoniita mezani.

Machungwa mawili ya Muheza
(nayo yamesafiri, ila hakuna anayeyashangaa),
ndimu tatu za jirani, mama Chilongani,
ambaye mndimu wake unaishi kwa maji ya kuogea
na huzaa, nadhani, kwa ubishi.
Nikakamua, nikaparuza ganda,
kitunguu saumu, pilipili nusu, moto mdogo,
mpaka mchuzi ukashika mgongo wa kijiko.
Siagi mwishoni. Nyumba nzima ikageuza shingo.

Simu nimeiegemeza kwenye kopo la majani ya chai.
"Zifute, baba. Zikauke kabisa.
Kikaango kitoe moshi. Ziweke, halafu usiziguse."
"Nisiziguse hadi lini?"
"Hadi zikuachie zenyewe."

Nne za kwanza niliziharibu.
Nilizisukuma, nikazigeuza, nikazifunua chini
kama mtu anayetafuta sarafu chini ya jamvi.
Zikatoa maji, zikachemka ndani ya maji yao,
zikawa raba ya kufutia.
Paka wa mama Chilongani alizila zote nne
akaondoka bila kuaga.

Nikafuta kikaango. Nikafuta jasho.
Nikaziweka upya, nne, kisha sita,
na mikono nikaipeleka mgongoni
kama mwanafunzi aliyeitwa ofisini.
Mafuta yalikuwa yanasema peke yake.
Eunike naye, upande wa pili, kimya;
nilisikia upepo tu, na mtu akiburuta kreti.
Nikagusa moja kwa ncha ya kisu.
Ikaachia.

Upande wa chini: kahawia.
Mama akanyanyuka bila fimbo.
"Hiyo rangi naijua," akasema.
"Huo ni ukoko."

Sasa, ukoko wa nyumba hii ni wa mama.
Hilo halijadiliwi. Marehemu baba alijaribu
mwaka wa njaa, akashindwa.
Nikampakulia: wali, kombe juu, mchuzi ukitiririka,
na yeye akaichukua ya kwanza kwa vidole,
akaitafuna kwa yale meno manne
huku ameitazama kalenda ya kanisa
kana kwamba jibu limeandikwa pale.

"Haina mfupa," akalalamika.
Akachukua nyingine.
"Wala haina pa kung'ang'ania."
Akachukua ya tatu.
Ya tano ilipomalizika akaomba chumvi,
nikamwambia Eunike, na Eunike akacheka
mpaka simu ikakatika.

Mimi nilikula nne. Tamu ya kwanza sikuielewa,
ya pili ndimu ikanifumba jicho,
na baada ya hapo sikuhesabu vizuri.

Moja niliiweka kwenye kibakuli, nikafunika kwa sahani.
"Baba, haiwezi kukaa hadi Desemba," akasema alipopiga tena.
Najua. Niliiweka tu.

Saa nane usiku nikasikia mlango wa friji,
kisha kigoda kikiburutwa taratibu,
kisha kijiko.
Nikageukia ukutani.

Asubuhi kibakuli kilikuwa kimeoshwa,
kimeinamishwa dirishani.