Mzinga wa Tisa

Makopo sita, kutu imevibana vifuniko.
La nne nililifungua kwa patasi ya baba,
harufu ya siki ikanipiga usoni
nikajua kabla ya kuona: ukanda umekufa,
umejikunja kama gome la mninga juani.

Matano yamepona. Tuseme yamepona.
Miezi saba, chumba cha nyuma ya stesheni ya Tabora,
pamba, spiriti, taa ya mezani.
Treni ya Mpanda ikipita meza inatetemeka,
nainua mkono, nasubiri,
narudi: picha ishirini na nne
kwa sekunde moja ya kuogopa.

Kisa utakijua hata kama hukukiona.
Bwana misitu anafika na baiskeli
kuhesabu mizinga ya kijiji.
Wanampa maji ya kunawa. Wanamtandikia.
Anaonyeshwa minane.
Kila jioni anaulizia wa tisa,
kila jioni wanamwongezea asali.
Hakuna anayepaza sauti, hakuna tone la damu.
Ni adabu tu,
adabu mpaka malaika yanasimama mkononi.

Niliiona nina miaka tisa,
ukutani mwa ghala la tumbaku, Urambo.
Nikagoma kula asali mwaka mzima;
mama akaninywesha dawa ya minyoo.

Leo najua ufundi wake. Kile kivuli ni cha mshika taa.
Wale nyuki wa mwisho ni makapi ya mtama
yaliyopeperushwa na feni.
Najua, na bado kazi hii siifanyi usiku.

Kuna mkwaruzo unaokata shingo ya bwana misitu
tangu anaposhuka baiskeli hadi mwisho.
Mihayo, kijana wangu wa kompyuta, akasema,
"Naufuta sasa hivi." Nikamwambia, uache.
Na bawa la nyuki, la kweli,
lililogandia kwenye ukanda wa pili,
nalo uliache.
Palipokuwa pa kopo la nne tumeweka giza,
dakika kumi na moja, sauti peke yake.

Tukatundika shuka uwanja wa shule, Isevya.
Vijana wakazicheka suruali za bugaluu,
wakacheka mpaka lilipokuja lile giza:
mvumo, na mtu anasema, "Karibu, karibu ndani."
Simu zikazimwa mojamoja, bila kuambiwa.

Bibi Kalunde alikaa mbele, kiti cha plastiki.
Ndiye yule msichana mwenye kata ya asali,
mwenye tabasamu lililoniamsha usiku
miaka arobaini.
Nikamuuliza: nani alikufundisha kutisha vile?
Akanitazama kama niliyemtukana.
"Kutisha? Hatukuambiwa tumtishe mtu.
Tuliambiwa mgeni anakuja, tumpokee."

Akafungua kikapu, akanipa chupa.
Asali ya Sikonge, nzito, nyeusi kidogo.
Ipo mezani, kando ya makopo.
Nusu ameshaila Mihayo.
Mimi bado naitazama.