Kinga na Kinga

Umeme hurudi saa nane za usiku,
nami huamka kama mwenye mtoto mchanga,
nachomeka betri tano ukutani,
nahesabu vitaa: chekundu, chekundu, kijani, chekundu.
Cha tano hakikuwaka. Nikasema: kitawaka njiani.
Hivyo ndivyo nilivyojidanganya Jumamosi ile.

Waliokuja: ndugu wawili wa Kinshasa wenye miwani,
kijana wa benki anayejipiga picha kabla ya kufika,
na Bi Setsuko wa Japani, miaka sitini na tisa,
glavu nyeupe mkononi kama anakwenda kanisani.
Hapa Lubumbashi baiskeli tunaiita kinga, nikawafundisha.
Wale ndugu wakacheka: kinga ya nini?
Ya kuchoka, nikasema.

Barabara ya Kasenga, Juni, baridi inauma masikio.
Tulipita bila sauti. Hilo hunisumbua katika mashine hizi:
mbuzi hawasikii, akina mama hawasikii,
unatokea mgongoni pa mtu kama deni.

Nikaonyesha ninavyolipwa kuonyesha:
kichuguu kirefu kuliko nyumba, kimeota mti kichwani;
mahali ambapo mvua zikianza uyoga hufumuka
mpana hata mtoto anaufanya mwavuli;
mihogo; shule; darasa lisilo na bati.
Watoto wakatukimbilia hadi darajani.
Bi Setsuko akawahesabu kwa kidole. Kumi na tisa.
Kwetu, akasema kwa Kifaransa chake cha polepole,
ziara kama hii hupita kati ya mashamba ya mpunga,
na kijiji kizima kimebaki na mtoto mmoja.
Basi la shule huja kwa ajili yake peke yake.
Sikujua niseme pole, au hongera ya basi.

Kilima cha kilomita ya thelathini na moja
kina jina lake kwenye ramani,
lakini sisi tuliosukuma makala tulikiita Mwite Mama.
Ndiyo, nilisukuma. Miaka minne, magunia matano,
fimbo imefungwa kwenye usukani, kifua kwenye gunia.
Hilo halimo katika maelezo ninayotoa.

Hapo betri ya tano ikazima. Ya Bi Setsuko.
Kinga ya umeme bila umeme ni ng'ombe aliyelala.
Nikampa yangu, nikapanda yake, nikakanyaga,
mapaja yakaniuliza: wewe si ulituaga?

Na nani alikuwa mbele yetu, gunia la sita juu ya matano,
kama si Mwelwa, aliyenifundisha kufunga mpira!
Hakugeuka. Alijua pumzi yangu.
"Umerudi."
"Nimeleta wageni."
"Wanajua kusukuma?"

Kijana wa benki akatoa simu.
Ndugu wa Kinshasa wakatazama kilele.
Bi Setsuko akateremka, akaegemeza baiskeli kwenye kichuguu,
akaweka viganja kwenye gunia la nyuma, glavu na yote,
akainamisha kichwa kama asukumaye mlango uliovimba kwa mvua.
Nikaongeza bega.
Kisha Mwelwa akashuka nasi kuifuata ile iliyolala,
yeye kwenye kiti, mimi kwenye usukani.
Kinga moja, halafu kinga ya pili.
Kilima hakikupungua hata mita.

Juu akatugawia viazi vitamu vya jana, vya baridi.
Akaigonga betri kwa ukucha.
"Ndani mna nini?"
"Mawe ya hapa hapa. Yalisafiri."
Akaichomoa, akaipima mkononi, akanirudishia.
"Basi yamerudi mazito."

Jioni, mjini, nikawapa daftari la wageni.
Kijana wa benki aliandika kurasa mbili.
Bi Setsuko alivua glavu, akatia sahihi,
mahali pa maoni akapaacha wazi,
isipokuwa gumba: masizi yalikuwa yamepenya kitambaa.
Liko pale bado, jeusi, mistari yote inasomeka.

Saa nane umeme ukarudi.
Nilichomeka betri nne.
Ya tano nikaiacha ilale.