Herufi Arobaini

Mali bila daftari hupotea bila habari,
basi nimekuja na daftari lisilo karatasi:
kishikwambi, taa mbili, kitambaa cheupe,
na rula fupi ya kulaza kando ya kila kijiko
ili picha isidanganye urefu.

Vijiko mia sita na kumi na moja.
Marehemu Arvīds alivihifadhi katika maboksi ya viatu,
na bintiye, Vizma, amenipisha meza ya jikoni,
akasogeza mkate mweusi na birika,
akaniuliza wanachoniuliza wote:
"Hilo wingu lenu liko wapi?"

Ni ghala, mama, nikamwambia, huko Ufini.
Mashine zimepangwa rafu kwa rafu,
feni zinavuma usiku kucha,
maji ya bahari hupitishwa mabombani kuzipoza.
Akachungulia dirishani. Theluji ilikuwa ikianguka
juu ya banda la kuku la jirani.
"Basi hilo halinyeshi," akasema, akamimina chai.

Siku tatu tulikwenda vizuri.
Alitaja, nikaandika. Madini: fedha.
Hali: mikwaruzo kidogo. Hali: mpini umepinda.
Kilipatikanaje? Hapo programu hukupa majibu manne:
kununuliwa, kurithiwa,
zawadi, kubadilishana.
Nikabofya, nikabofya, kama mtu anayemenya maharage
huku akili iko kwingine.

Hadi 418.
Kijiko cha chai. M na B zimechorwa mpinini,
na ukingoni pana vidonda vidogo vya meno:
kuna mtoto alikitafuna fizi zilipomwasha.
"Kilipatikanaje?"
Vizma akainuka kwenda kuchochea jiko
lisilohitaji kuchochewa.

Aliporudi alisema na birika, si nami.
Baba alikuwa na miaka kumi na mmoja.
Machi, ile ya arobaini na tisa.
Malori yalikuja alfajiri, yakaondoka,
nyumba ya ng'ambo ya barabara ikabaki mlango wazi.
Aliingia kumtafuta paka wao, ndivyo alivyosema.
Kijiko kilikuwa bado kimo kikombeni.
"Vile vingine mia sita na kumi," akasema,
"alivinunua baadaye,
ili hiki kipate pa kujificha."

Sikuwa na pa kubofya.
Ukishuka chini kabisa ipo "Nyinginezo",
kidirisha chembamba: herufi arobaini, basi.
Niliandika, nikafuta. Niliandika, nikafuta.
Maneno ya kutetea yalikuwa marefu mno,
hata neno "mtoto" nililijaribu, halikuenea.
Mwishowe:
*Kilichukuliwa. Chai ilikuwa moto bado.*
Thelathini na nane, ukihesabu nukta na mapengo.

"Zimebaki mbili," nikasema.
"Unazijua," akasema.
Nikazitia mwishoni, M na B,
zimebanana na nukta
bila nafasi ya kupumulia.

Kisha swali la mwisho: nani aone?
Mwenye mali peke yake, au watu wote.
Nikamgeuzia kishikwambi.
Kidole chake, kimekaushwa na sabuni na miaka,
kioo hakikukitambua.
Akakipulizia pumzi, kama afutaye miwani,
akabonyeza tena.

Duara dogo likaanza kuzunguka.
Mtandao wa huku huwa mzito theluji ikianguka.
Tulilikodolea macho, wawili sisi,
pasipo kujua kama yupo hata mmoja wa kuliona,
Tomsk, au Adelaide, au popote
yalipokomalia meno yale.

Likasimama. Alama ya kijani.
"Kinachofuata," akasema Vizma.
Mia nne na kumi na tisa: kijiko cha mchuzi,
nikeli, hali nzuri,
kununuliwa, sokoni Liepāja.
Risiti ipo.